Muulize Mwalimu: Unga unaoyeyuka kabla ya maji

SWALI: Shikamoo mwalimu. Nasoma kidato cha sita, mchepuo wa PCB, hapa Tukuyu. Rafiki yangu amepata makala iliyoandikwa kama ripoti ya maabara, ina majedwali na marejeo. Inasema kuna kemikali iitwayo thiotimolini ambayo huyeyuka sekunde 1.12 kabla ya kumwagiwa maji. Bwenini tumebishana hadi taa zikazimwa. Je, ipo kweli? Nikiona imeyeyuka, halafu nikakataa kumwaga maji, itakuwaje? Na wakati unaweza kuchezewa kwa namna yoyote?
Msomaji, Tukuyu

JIBU: Marahaba, mwanangu. Thiotimolini haipo. Aliibuni Isaac Asimov, mwandishi wa hadithi za kubuni za kisayansi, alipokuwa akisomea shahada ya uzamivu ya kemia katika Chuo Kikuu cha Columbia, New York, na makala yake ikatoka Machi 1948 katika jarida la hadithi za kubuni, Astounding Science Fiction. Alikuwa akifanya majaribio na katekoli, kemikali inayoyeyuka mara tu inapogusa maji, akawaza: vipi kama kitu kingekuwa na haraka ya kuyatangulia maji yenyewe? Tasnifu yake ilikuwa inakaribia kuandikwa, basi wazo hilo akaliandika kwa mtindo wa tasnifu, pamoja na marejeo ya majarida yasiyokuwepo. Mwenyewe alisimulia baadaye kwamba vijana walikwenda maktaba ya New York kuyaulizia majarida hayo. Kwa hiyo msione haya kwa ubishi wenu. Hata maprofesa wake waliisoma: mwishoni mwa usaili wake wa mdomo wa shahada hiyo, mmoja wao alimuuliza kuhusu thiotimolini, naye akaangua kicheko, maana hapo alijua wameshamfaulisha.

Angalieni alivyoijenga. Sukari huyeyuka kwa kuwa molekuli yake ina vikundi vya hidroksili (oksijeni na hidrojeni zilizoungana), ambavyo hushikana na maji kwa vifungo vya hidrojeni. Kwa kawaida vikundi hivyo vikiongezeka, umumunyifu nao huongezeka. Mpaka hapo ni kemia ya darasani kwenu. Kisha akadai kwamba vikirundikana mno kwenye molekuli moja hukosa nafasi, vikasukumwa nje ya urefu, upana na kimo, vikaangukia katika wakati. Hiyo ndiyo sehemu ya kubuni. Mkisaga sukari, mkapasha maji na kukoroga, muda wa kuyeyuka utapungua, lakini hautavuka sifuri. Molekuli za maji ndizo zinazozibandua molekuli za sukari kutoka kwenye chembe yake. Maji yasipokuwepo, hakuna kinachozibandua.

Swali lako la pili ndilo lililonifurahisha zaidi, kwa sababu umefanya anachopaswa kufanya mwanasayansi: umetafuta jaribio la kuiangusha nadharia. Unga umeyeyuka, wewe umeweka jagi chini. Nadharia imekufa, sivyo? Asimov aliliona shimo hilo, akaliziba kwa ustadi: alidai kwamba muda hutegemea uthabiti wa nia ya anayemwaga, na kwamba mtu akisitasita, muda hupungua. Katika hadithi ni ufundi mzuri. Katika sayansi ni mlango wa kutorokea. Matokeo yakija, nadharia imeshinda. Yasipokuja, kosa ni la moyo wako. Hakuna jaribio litakaloweza kuikamata.

Naomba mlikumbuke hilo mkiwa nje ya maabara. Huku kwetu Iringa nimewasikia wauzaji mnadani wakimwambia mkulima kwamba dawa ya kukuza mahindi haikufanya kazi kwa sababu hakuwa na imani nayo. Inaniuma sana, kwani mtu huyo ametoa fedha ya mbolea ya msimu mzima. Urea haiulizi imani. Mimina vijiko viwili vitatu kwenye glasi ya maji, koroga, glasi itapoa mkononi mwa anayeamini na asiyeamini.

Sasa wakati wenyewe. Kuurudisha nyuma, hapana. Lakini mwendo wake haulingani kila mahali, na hili limepimwa. Kwa mujibu wa nadharia ya Einstein ya mwaka 1915, saa iliyo juu hukimbia haraka zaidi kidogo kuliko iliyo chini, karibu zaidi na kitovu cha dunia. Mwaka 1971 wanasayansi Hafele na Keating walizungusha saa za atomiki duniani kwa ndege za abiria, na tofauti walizopata ziliafikiana na nadharia. Saa za setilaiti za GPS nazo hutangulia za huku chini kwa takriban sehemu 38 za milioni ya sekunde kila siku. Zisiporekebishwa, ramani ya simu itakupotosha kwa kilomita kadhaa ndani ya siku moja.

Njia yenu wenyewe inatosha kwa mfano. Jiji la Mbeya liko kama mita 1,700 juu ya usawa wa bahari. Ukiteremka kupita migomba na chai ya Rungwe mpaka ufukwe wa Ziwa Nyasa kule Kyela, unafika kama mita 475. Saa mbili kamilifu, moja Mbeya na moja ufukweni, zitaachana kwa takriban sehemu nne za milioni ya sekunde kwa mwaka, ya Mbeya ikiwa mbele. Msinikubalie tu. Chukueni g (mchapuko wa mvutano wa dunia), zidisheni kwa tofauti ya kimo, gawanyeni kwa kasi ya mwanga kipeo cha pili, kisha zidisheni kwa sekunde za mwaka mzima. Niandikieni mkishapata jibu, na hatua zote zionekane.