Usitundike daluga, mwanangu

Mwanangu mpendwa,

Tumsifu Yesu Kristo.

Barua yako nimeisoma mara mbili, mara ya pili kwa sauti ili mama yako naye asikie. Unauliza kama mtu anayejiandaa kupewa daraja takatifu ana haki ya kuendelea kucheza mpira wa ushindani, au ni afadhali atundike daluga mapema, kabla hata ya ushemasi. Na hukunificha kilichokufikisha hapo: mechi ya mafrateri wa kwenu na wa seminari nyingine, dakika za lala salama, winga wao akakupita, ukamfuata kwa nyuma ukamchota miguu, kisha refa alipokuonyesha kadi ukamjia juu kwa maneno ambayo hukuyaandika kwenye barua. Jioni mlezi wako akakuita. Hakufoka. Alikuuliza tu, "Yule uwanjani alikuwa nani?" Tangu siku hiyo usingizi umekupaa, na wenzako wawili watatu wanakutajia Kanuni ya 285 ya Sheria za Kanisa, ile inayowataka makleri, yaani mashemasi, mapadre na maaskofu, wajiepushe na yote yasiyolingana na hali yao.

Usitundike. Hilo ndilo jibu langu, na sitalibadilisha hadi mwisho wa barua hii. Kanuni hiyo haitaji mpira. Ila swali la mlezi wako ni zito kuliko la wenzako wote, na nataka tukae nalo, kwa sababu mimi mwenyewe liliwahi kunikuta na hakukuwa na mtu wa kuniuliza.

Unajua nilikaa seminari kuu miaka minne kabla ya kutoka. Nilikuwa beki wa kushoto. Mechi iliyokuwa ikingojwa mwaka mzima ilikuwa ya wanafalsafa na wanateolojia, na walezi wote walitoka na viti vyao kuja kutazama, gombera, mkuu wa seminari, akiwa katikati. Mwaka wangu wa tatu uwanja ulikuwa umelowa. Yule unayemwita baba mdogo, padre wako, tulikuwa darasa moja hadi mwaka uliotangulia, lakini yeye aliruka mwaka akawa upande wa teolojia. Alikuja kwangu na mpira, nikamvaa, akaukwatua kidogo tu kwa ncha ya kiatu ukanipita juu ya kichwa, akazunguka akaupokea kwa nyuma. Alinipiga kanzu. Uwanja mzima ulicheka, na katika kicheko kile nilisikia cha gombera.

Mara iliyofuata alipopokea mpira sikuutazama mpira. Nilitazama kifundo chake cha mguu wa kulia.

Refa alikuwa shemasi mmoja aliyekuwa mbali na tukio, akapuliza faulo ya kawaida, sikupewa hata onyo. Mwenzangu alitolewa amebebwa. Saa moja baadaye tulikuwa kanisani kwa Masifu ya Jioni, mabenchi yakitazamana kama ilivyo desturi ya seminari, na nafasi yake mbele yangu ilikuwa tupu. Niliimba zaburi zote. Ukiniuliza ni zaburi zipi, sijui.

Kesho yake, Dominika, alikuja Misani akijikongoja kwa mti wa fagio. Ilipofika kupeana amani, aliuegemeza ule mti kwenye benchi, akasimama kwa mguu mmoja, akavuka ile nafasi ya katikati kwa kurukaruka hadi kwangu, akanyoosha mkono. Nakumbuka kucha zake zilikuwa bado na tope la jana. Nilimpa ncha za vidole. Macho yangu yalikuwa kwenye ule mti, ambao ulikuwa unateleza polepole ukianguka, na ulipogonga sakafu ndipo nikapata sababu ya kuinama na kuacha kumtazama.

Zilipita karibu wiki tatu. Chakula tulikula meza moja. Nilimbebea sahani, nilimfulia soksi, nilifanya kila kitu isipokuwa kile kimoja. Mwishowe nilimkuta amekaa peke yake nje ya maktaba nikamwambia, "Nilikusudia." Akajibu, "Nilijua. Nilikuwa nangoja useme." Hakuongeza neno. Mengi yaliyonifanya niwe mume wa mama yako na baba yako yalianzia pale nje ya maktaba, na si darasani.

Kwa hiyo ninapokwambia usitundike, sisemi mpira hauna hatari. Nasema hatari yake ndiyo inayokusaidia. Kanisani hasira yako inajua kukaa kimya. Darasani inavaa adabu. Kwenye meza ya chakula kuna zamu, kuna kengele, kuna kusoma kwa sauti, kila kitu kimepangwa usije ukateleza. Uwanjani hakuna anayekupangia. Mpira unakupita, watu wanacheka, na ndani ya sekunde mbili unajulikana. Yohane Paulo wa Pili aliandika mwaka 1992, katika waraka wake juu ya malezi ya mapadre, kwamba malezi ya kibinadamu ndiyo msingi wa malezi yote ya kipadre; utaukuta katika namba 43. Hukuumba hasira mpya Jumamosi ile. Uliikuta. Ungeacha mpira, ingeendelea kukaa humo humo ikikungoja parokiani, na siku moja ingemtokea mwenyekiti wa halmashauri ya walei aliyekupinga kikaoni, au katekista mzee aliyekosea kusoma tangazo. Hao hawana refa wa kuwapulizia filimbi. Hao wangenyamaza tu, wakaumia, na wengine wasingerudi kanisani.

Kuna jambo moja la Roma ambalo nimelipenda tangu nilipolisikia. Mwaka 2007 lilianzishwa kule shindano la mafrateri na mapadre wanaosoma katika vyuo vya Kanisa, linaitwa Clericus Cup. Linasimamiwa na chama cha michezo cha Wakatoliki wa Italia, na Kardinali Tarcisio Bertone, aliyekuwa Katibu wa Nchi wa Vatikani na mpenzi mkubwa wa soka, alikuwa mmoja wa waliolisukuma. Mwaka wa kwanza timu zilikuwa 16. Uwanja wenyewe uko karibu sana na Basilika la Mtakatifu Petro. Kipa akiinua macho kufuata mpira wa juu analiona kuba. Kombe lao ni mpira uliovishwa ile kofia ya mapadre yenye ukingo mpana, umesimama juu ya viatu vya kuchezea.

Lakini kilichonivutia si kombe. Pale, pamoja na kadi ya njano na nyekundu, refa ana kadi ya buluu. Ukionyeshwa hiyo unatoka uwanjani dakika 5, timu yako inabaki pungufu, halafu unarudi kucheza. Hebu lifikirie jambo hilo kidogo. Njano inakuonya ukiwa bado unakimbia, na mtu anayekimbia hasikii. Nyekundu inakufukuza, na aliyefukuzwa huenda akakaa pembeni akijihurumia na kumlaumu refa. Buluu inakuweka pembeni ukiwa na jasho lako, uwatazame wenzako wakibeba mzigo ulioutupa wewe, moyo ushuke, kisha inakurudisha ukiwa na kazi ya kufanya. Nani kati yetu, anayekwenda kitubio, asiyelijua jambo hilo? Kule mechi ni dakika 60, vipindi viwili vya dakika 30, kwa hiyo dakika 5 si kidogo. Natamani siku ile ya uwanja uliolowa shemasi yule angekuwa na kadi hiyo mfukoni.

Na usidhani kule Roma ni malaika wanaocheza. Fainali ya kwanza, seminari ya Redemptoris Mater waliifunga timu ya Chuo Kikuu cha Laterano 1-0 kwa penalti, na penalti yenyewe iliacha malalamiko. Watu wa sala, watu wa vitabu, wamemzunguka refa. Hawakulifuta shindano kwa sababu hiyo. Walirudi mwaka uliofuata.

Unaposikia mtu akisema mpira na altare haviendani, mkumbushe pia Karol Wojtyła, yule yule wa waraka wa 1992. Ujanani kule Wadowice alikuwa golikipa, na vijana wa Kiyahudi walipokosa kipa alikuwa akienda kuwadakia wao. Mimi huwa nafikiria sana picha hiyo, ya kijana anayesimama langoni upande wa pili kwa sababu wana upungufu. Mkumbushe Bruda Walfrid, mtawa wa Wamaristi, aliyeanzisha klabu ya Celtic huko Glasgow mwaka 1887 ili zipatikane fedha za kuwalisha watoto maskini. Na Padre Lorenzo Massa, Msalesiani wa Buenos Aires, aliyeona watoto wakicheza barabarani katikati ya tramu akawafungulia ua wa kanisa, kwa sharti kwamba Dominika waje Misani. Hapo ndipo ilipotoka San Lorenzo, mwaka 1908, klabu ambayo Papa Fransisko aliipenda maisha yake yote. Mashabiki wake hadi leo wanaitwa Kunguru, kwa ajili ya kanzu nyeusi ya padre yule.

Massa namtaja kwa sababu ya kukuandaa kwa baadaye. Ukishapewa upadre, vijana wa parokia watakuja kukuita, nawe utataka kwenda, na uende. Mtu aliyekukaba dakika themanini haogopi tena kubisha hodi ofisini kwako. Lakini yako mambo ambayo nitakuambia sasa, ungali unanisikiliza. Usijipange mwenyewe kikosini. Mwachie kocha, na akikuweka benchi kaa benchi. Penalti usiichukue wewe kila mara eti kwa sababu wewe ni padre na hakuna wa kukukatalia. Wakikuachia upite bila kukukaba, simamisha mchezo uwaambie wakukabe, maana heshima ya namna hiyo itakuharibu taratibu. Badilishia nguo nyumbani kwako, kamwe si katika chumba kimoja na watoto, na usimpeleke mtoto peke yake kwa gari baada ya mechi hata kama mvua inanyesha. Tafuta mzazi, tafuta mtu mzima wa pili. Hilo sitaki tulijadili. Na ukifika arobaini upashe misuli moto kabla ya kuingia, nusu saa nzima, maana mapadre wengi niwajuao hukaa kwenye kiti wiki nzima wakadhani Jumamosi mguu utakumbuka wa seminari.

Sasa turudi kwa yule winga.

Umeniandikia kurasa tatu juu ya dhamiri yako na mstari mmoja tu juu yake. Hukuniambia kama aliumia, hukuniambia kama mmeonana tena. Mlezi wako umemwomba radhi, umekwenda kitubio, nami umeniandikia. Yeye aliyelala kwenye nyasi ndiye ambaye hujamfikia. Nakuomba, kabla ya mechi nyingine yoyote, uombe ruhusa uende kwao. Si kwa simu. Usimweleze kwamba ulikuwa umechoka au kwamba mechi ilikuwa kali. Mwambie ulichokifanya kwa neno lake lenyewe, halafu unyamaze umwache aseme au asiseme. Refa naye, kama unamjua ni nani, mtafute. Waamuzi wa mechi zetu hizi hawalipwi kitu. Wanakuja Jumamosi na filimbi yao kwa kupenda tu, na wakitukanwa na mafrateri wataacha kuja.

Ukimaliza hayo, mwombe kapteni akupange ile ile nafasi uliyokuwa, ukabe winga mwenye mbio. Usikimbilie golini wala mbele, mahali ambapo hutapitwa.

Baba yako mdogo nimemsimulia, natumaini hutakasirika. Alicheka kwanza, kisha akaniuliza kama ule mti wa fagio niliwahi kukwambia. Nikamwambia ndio naandika sasa. Anakuja huku kwa mapumziko, na amesema mkikutana atataka kuiona rafu hiyo ulivyoicheza, hatua kwa hatua, ili akuonyeshe ulipopaswa kusimama.

Mama yako anauliza kama daluga bado zinakutosha au zinakubana vidole. Tuandikie namba.

Nakuombea kila jioni.

Baba yako