Bendi Nene Si Kazi Nyingi: Kwa Mnaoanza Maabara

Wadogo zangu mnaoingia maabara hapa Moshi, kila kundi jipya linanirudishia kosa lilelile: kuona protini nyingi, iwe bendi nene au rangi iliyokolea, na kudhani inafanya kazi nyingi. Nawapenda, lakini uvumilivu nao una mwisho.

1. Kingamwili (protini tunayoitumia kunasa na kuonyesha protini nyingine) ikifika, igawe siku hiyohiyo kwenye tyubu ndogondogo. Kuigandisha na kuiyeyusha kila mara kunaiua.

2. Bila beta-aktini, protini ya kulinganishia, kwenye membreni ileile (karatasi inayobeba bendi za protini), usiniambie protini "imeongezeka".

3. Hapa tukae. Mtu ananiletea slaidi ya saratani ya umio, ugonjwa tunaouona sana huku Kilimanjaro. Viini vya seli vimekolea kahawia, rangi inayoonyesha kingamwili iliponasa p53, protini inayolinda seli, naye kaandika: "p53 iko juu, ulinzi wa seli ni imara." Hapana jamani!

DNA ikiharibika, p53 husimamisha mgawanyiko wa seli au huiamuru seli ife. Lakini seli yenye afya haiiachi ikae: p53 yenyewe huwasha jeni ya MDM2, na MDM2 huigeukia p53, ikaibandika ubikwitini, alama ya kubomolewa, ikabomolewe kwenye proteasomu, mashine ya seli ya kuvunja protini. Ndiyo maana kwenye tishu ya kawaida unaiona kwa shida. Sasa TP53, jeni inayotengeneza p53, ikibadilika, tuseme ile asidi amino ya 175, arijinini, imekuwa histidini, p53 inapoteza umbo, haishiki DNA sawasawa, haiwashi MDM2 inavyopaswa. Inarundikana. Ukahawia uliokufurahisha ni rundo la protini iliyoharibika.

Wala usikimbilie upande wa pili, kwamba kukosa rangi ni salama. Uvimbe usio na rangi hata chembe nao unaweza kuwa na TP53 iliyokatwa njiani. Tazama limfosaiti (seli za kinga zisizo za uvimbe) pembeni: zikiwa na rangi hafifu, kingamwili imefanya kazi, uvimbe ndio hauna protini.

Binti mmoja aliniuliza, "Dokta, hii ya shingo ya kizazi p53 yake hafifu, p16 imejaa kila mahali, mbona seli hazijasimama?" Nilifurahi, maana huko ndiko kufikiri: p16 nayo ni protini ya kusimamisha mgawanyiko wa seli. Protini E6 ya HPV, kirusi kinachosababisha saratani hiyo, huitumia E6AP, protini ya seli yenyewe, kuibomoa p53, jeni ikiwa nzima kabisa. E7, protini nyingine ya kirusi hicho, huiondoa RB, breki ya mgawanyiko wa seli. RB ndiyo iliyokuwa ikiizuia p16, kwa hiyo p16 inapanda. Na kwa kuwa p16 husimamisha seli kwa kupitia RB hiyohiyo, inapanda bure.

4. Umeme ukikatika, usifungue friza ya -80 "kuangalia tu".

5. Ripoti zenu nazirudisha. Kila palipoandikwa "imeongezeka", ongezeni nani anaizalisha protini hiyo, nani anaibomoa, na kama jeni yake imesomwa. Slaidi za umio ziwekeni trei ya juu. Tutazipitia pamoja Jumatatu kabla ya kikao, na kila mtu aanze na limfosaiti.