Kutoka rubani wa majaribio hadi mwanaanga: jibu kwa mdau wa Moshi mwenye mpwa

Mkuu, swali lako ni zuri, na sikupenda walivyokujibu waliotangulia kwamba kijana aache ndoto za Wazungu. Kwa wanaoingia sasa: mpwa wa mdau huyu yuko kidato cha tano hapo Moshi, anasoma PCM, yaani fizikia, kemia na hesabu. Amesoma habari za John Young, rubani wa majaribio wa jeshi la majini la Marekani aliyekuja kuwa mwanaanga. Anauliza kwa nini marubani wa aina hiyo ndio waliochukuliwa kwanza, na kama njia hiyo ingali wazi.

Mimi ni fundi wa ndege ndogo, huu ni mwaka wa 19 niko uwanja wa Kisongo, Arusha. Sijasomea urubani. Ila nimekaa kiti cha upande wa kulia, kando ya rubani, mara nyingi ndege ikijaribiwa baada ya matengenezo, na safari moja ndiyo iliyonifungua macho.

Tulikuwa tumetoa injini ya zamani na kufunga nyingine kwenye ndege ya injini moja ya abiria 12. Ikishafanyiwa hivyo haibebi wageni mpaka ijaribiwe hewani. Kapteni aliyeletwa kuijaribu alikuwa mzee mstaafu wa jeshi. Nilipomwamkia shikamoo aliitikia marahaba akiwa tayari ameinama chini ya bawa na tochi. Tuliruka saa 12 na nusu asubuhi, Meru iko wazi mpaka kileleni. Kisongo iko karibu mita 1,400 juu ya usawa wa bahari, kwa hiyo jua likishapanda hewa inakuwa nyepesi na yenye misukosuko, na ndege haipandi vizuri. Ukitaka vipimo vya kuaminika, unaamka mapema.

Pajani alikuwa amejifunga kibao kidogo kwa mkanda, juu yake karatasi aliyoipigia mistari mwenyewe usiku, na penseli imefungwa uzi isije ikadondoka miguuni. Kila tukipanda futi 1,000 ananiambia, "Fundi, nisomee." Namsomea joto la injini, nguvu, mafuta yanavyokwenda. Anaandika. Tulipofika futi 11,000, joto lilikuwa limezidi kidogo namba ya kwenye manuali, ingawa mstari mwekundu wa hatari ulikuwa bado mbali. Nakiri niliomba moyoni asiiandike. Wageni wa Serengeti walikuwa wanaondoka saa tatu, na mwenye ndege alishatupigia simu mara tatu kabla hatujaruka. Kapteni akaiandika, akaizungushia duara, akasema tushuke.

Tulipofungua kava tukakuta klempu ya bomba la hewa la injini imelegea, hewa inavuja. Niliyeifunga ni mimi. Wageni waliondoka saa nane mchana, na mwenye ndege alifoka mpaka sauti ikamkauka. Mzee hakubishana naye, wala mimi hakunikaripia. Alimkabidhi ile karatasi, akamwonyesha lile duara kwa kidole.

Sasa mwambie mpwa wako kwamba kazi ya rubani wa majaribio wa jeshi ni ile karatasi, ila ndege yenyewe ni mpya na hakuna aliyewahi kuirusha. Mhandisi amepiga hesabu zake mezani, zinasema ndege itafanya hivi na hivi. Rubani anapanda kuona kama ni kweli, hatua kwa hatua, kisha anarudi kuandika ripoti ambayo mhandisi ataielewa. Marekani wanafundisha hayo kwa karibu mwaka mzima, jeshi la majini likiwa na shule yake Patuxent River, Maryland, na jeshi la anga Edwards, California. Hesabu na uandishi wa ripoti ni sehemu kubwa ya masomo.

Ndiyo maana NASA, shirika la anga za juu la Marekani, walipotafuta wanaanga wao wa kwanza mwaka 1959, Rais Eisenhower aliamua watoke kwa marubani wa majaribio wa jeshi. Sharti lilikuwa saa 1,500 za kuruka, shahada au elimu inayolingana nayo, umri chini ya miaka 40, na urefu usiozidi sentimita 180, kwa sababu Mercury, chombo watakachopanda, kilikuwa kidogo mno. Walipekua mafaili ya marubani 508, wakapata 110 wenye sifa, mwisho wakabaki saba.

John Young alikuja katika kundi la pili. Angalia mpangilio wa maisha yake, maana kijana anaweza kujifunza hapo. Alizaliwa 1930, akamaliza uhandisi wa ndege Georgia Tech mwaka 1952. Jeshi la majini likamweka kwanza kwenye manowari, ndipo likampeleka kwenye urubani. Akarusha ndege za kivita, akasoma Patuxent River mwaka 1959. Mwaka 1962 alipanda na ndege ya kivita ya Phantom kutoka kusimama ardhini hadi mita 3,000 kwa sekunde zisizotimia 35. Ukianzia Moshi mjini, hapo umeshapita kibanda cha Horombo kule juu Kilimanjaro. Septemba mwaka huohuo NASA wakamchukua. Akaruka angani na chombo cha Gemini mara mbili, akauzunguka mwezi na Apollo 10 mwaka 1969, akatembea juu yake na Apollo 16 mwaka 1972.

Lakini safari ninayoipenda ni ya Aprili 1981. Yeye na Robert Crippen walirusha Columbia, chombo cha kwanza cha shuttle kwenda angani, aina yenye mabawa inayorudi kutua kama ndege. Vyombo vya Marekani vya kabla yake vilijaribiwa kwanza bila watu. Hiki kilikwenda na watu ndani mara ya kwanza kabisa, na Young alikuwa na miaka 50. Tarehe 14 alikitua kwenye ziwa kavu pale Edwards bila nguvu ya injini, ambapo ukikosea hakuna kuzunguka tena. Aliposhuka ngazi, kitu cha kwanza alichofanya ni kupita chini ya tumbo la chombo na kuzunguka akikagua vigae vya kukinga joto. Nilipoona picha zake nilimkumbuka mzee wetu na tochi yake chini ya bawa.

Baada ya Challenger, shuttle nyingine kama Columbia, kulipuka Januari 1986 na kuua watu saba, Young, aliyekuwa mkuu wa wanaanga, aliandika nyaraka kali za ndani akiorodhesha hatari nyingine zilizokuwa zikifumbiwa macho. Mwaka 1987 aliondolewa kwenye ukuu huo na kupewa kazi ya ushauri. Safari yake ya 1983 ikabaki kuwa ya mwisho, lakini aliendelea kuandika mpaka alipostaafu mwisho wa 2004, baada ya miaka 42. Mimi nyaraka zile naziheshimu kuliko hata nyayo zake mwezini.

Kuhusu njia yenyewe leo, iko wazi ila ni nyembamba. NASA huchukua raia wa Marekani tu. Wanataka shahada ya uzamili ya sayansi, uhandisi au hesabu, au mtu awe amehitimu shule ya marubani wa majaribio, na rubani awe na saa 1,000 za kuongoza ndege, nyingi zikiwa za jeti. Mwaka 2025 walichagua watu 10 kati ya waombaji zaidi ya 8,000. Sisi Tanzania hatuna mpango wa kupeleka watu angani. Lakini tazama India: Rakesh Sharma, rubani wa majaribio wa jeshi lao, alikwenda na Warusi mwaka 1984, na Shubhanshu Shukla, naye rubani wa majaribio, alifika kituo cha kimataifa cha anga za juu mwaka 2025. Nchi hiyo ilianza kwa kuwa na marubani na wahandisi wake yenyewe.

Kwa hiyo asiiache fizikia wala hesabu. Uhandisi uje kwanza. Kama anataka jeshi, JWTZ ina kamandi yake ya anga, na chuo cha maafisa kiko Monduli, pua na mdomo na hapa. Hata akiishia kuwa mhandisi wa ndege au kapteni wa kujaribu ndege kama yule mzee, atakuwa katika kazi ileile.

Akiwa likizo nitumie ujumbe pembeni, nitamwombea ruhusa ya kuingia hanga. Aje na daftari na penseli. Siku tukiwasha injini kuipima ardhini nitamweka mbele ya geji nusu saa, asome na kuandika kila dakika, kisha nitalichukua daftari nione ameandika nini pale sindano ilipotikisika.