Usiulize gundi ipi ni kali

Juzi msomaji mmoja kaniandikia: "Fundi, nitajie gundi kali kuliko zote, bomba langu nikiliunga linavuja, nikirudia linavuja." Nilicheka, kisha nikanyamaza. Swali hilo nililiuliza mimi mwenyewe nilipokuwa naanza kazi, na kutojua jibu lake kulinipotezea mteja.

Nilipewa kazi ya bafu mbili, maji ya baridi na ya moto. Kwenye baridi nikalaza bomba la plastiki la PVC, kwenye moto nikalaza CPVC, ndugu yake wa rangi ya maziwa. Gundi ya PVC ilibaki nusu kopo. Nikajisemea, plastiki ni plastiki, nikamaliza nayo kila kiungo. Nikajaribisha kwa maji ya baridi, hata tone. Nikalipwa, nikaondoka natembea kifua mbele.

Siku ya nne, alfajiri, simu. Hita iliwashwa usiku na kona moja imechomoka, bafu limekuwa bwawa. Nilipoishika ile kona, gundi ilibanduka kwa ukucha kama gamba la kidonda kikavu, na chini yake bomba likiwa linang'aa kama jipya. Mwenye nyumba hakupiga kelele. Alisema tu, "Kumbe sikuita fundi." Miaka imepita, bado naisikia sauti yake.

Ule mng'ao ndio ulionifundisha. Gundi ya bomba haibandiki kama gamu ya karatasi, inayeyusha. Inalainisha ngozi ya bomba na ya ndani ya soketi, kile kiungio bomba linapoingia, plastiki hizo mbili zinaingiana, kisha kiyeyushi kinaruka hewani na kuacha kipande kimoja. Isipoyeyusha, hujaunga kitu. Kwa hiyo PVC ina gundi yake, CPVC yake, na ABS, plastiki nyingine ya mabomba, yake. Na kwa maji ya moto PVC yenyewe usiiguse: ikifika nyuzi 60 imefika mwisho wake, wakati CPVC inavumilia hadi 93.

Mengine mnayajua: kata bomba mkato ulionyooka, usiwe wa mshazari, parua makombo, futa vumbi na maji, paka pande zote mbili, sukuma huku ukizungusha robo mzunguko, shikilia kama nusu dakika lisijirudishe. Kisha subiri. Mimi nasubiri saa 24 kabla ya kufungulia presha, na mteja anayenikimbiza namwambia akatafute mwingine. Gundi iliyoganda kama uji mzito itupeni. Msiichanganye na tina, nawasihi.

Ninyi vijana mnaotaka kuitwa mafundi, shida yenu ni uvivu wa kusoma. Bomba limeandikwa ubavuni, kopo limeandikwa mgongoni, na bado mnauliza gundi ipi kali! Someni bomba kwanza. Nasema tena, someni bomba, ndipo mshike kopo.

Yule msomaji nilimjibu hivyo hivyo: nenda kasome ubavuni. Akarudi baada ya saa nzima, limeandikwa HDPE. Plastiki hiyo haiyeyuki kwa gundi yoyote ya bomba. Huungwa kwa viungio vya kukaza au kwa kuchomelewa kwa joto, kama bomba la PPR, plastiki nyingine, linavyochomelewa kwa mashine ya nyuzi 260. Nikamuuliza ameshanunua gundi ngapi.

Makopo matatu.