Re: Mabaka meusi kwenye Njia ya Maziwa ni matundu?

Sheikh, umeuliza kama mabaka meusi uliyoyaona kwenye Njia ya Maziwa, ule ukanda mweupe wa nyota angani, ukiwa dago (kambi ya wavuvi) kule Makangale, Pemba, ni matundu yasiyo na nyota. La, nyota zimo tele, nyuma yake. Hayo ni mawingu ya molekuli: gesi ya haidrojeni na vumbi, baridi yake kama nyuzi 260 chini ya sifuri. Vumbi ndilo linaloziba mwanga, kama moshi wa tanuri la chokaa unavyoficha minazi. Makubwa yake huwa na uzito wa majua laki kadhaa, na humo ndimo nyota mpya huzaliwa. Hujazana kwenye mikono iliyojipinda ya galaksi yetu, yaani lile kundi kubwa la nyota lenye umbo la sahani. Sisi tumo ndani, twaitazama ubavuni, ndipo twaiona kama ukanda.

Juni, baada ya magharibi, giza likishaingia, tazama pembeni mwa Msalaba wa Kusini, zile nyota nne zenye umbo la msalaba. Kuna baka jeusi tii.