Mleta mada, hilo jina la video lifute leo

Umesema unakwenda kusoma Bengaluru, India, unafungua chaneli ya maisha ya huko, unauliza kamera gani ununue na uposti mara ngapi kwa wiki. Halafu video ya kwanza umeshaipa jina "Kwa Nini Wahindi Hawali Nyama". Mkuu, lifute kabla hujafunga begi.

Nilisoma Pune. Krismasi moja mwenzangu wa darasani, tuliyepanga naye chumba, akanichukua hadi kwao Kochi, Kerala. Ni Wakristo. Mama yake akakaanga nyama ya ng'ombe na vipande vya nazi, tukala na parota, chapati zao za matabaka. Nyama ilikuwa tamu, hapo sibishani na mtu. Kule chakula hicho kinauzwa hotelini mchana kweupe. Nikaomba ruhusa, nikarekodi jikoni, mama akafurahi.

Niliporudi nikaipandisha kwa jina "Wahindi Wanavyokula Ng'ombe kwa Siri".

Siri gani? Nani alijificha? Jina lile nilipewa na jamaa niliyemlipa anifundishe kukuza chaneli, mtu ambaye India hajaikanyaga hata uwanja wa ndege! "Weka Wahindi, weka siri, watabofya." Wakabofya. Hela yangu na maneno yake sijamsamehe mpaka leo.

Pune iko Maharashtra, jimbo ambalo tangu 2015 hata kuchinja ng'ombe dume ni kosa. Mwenye nyumba wetu hali hata yai. Video ikamfikia, Kiswahili hajui, picha alizielewa. Akatupa wiki moja tuhame, katikati ya mitihani. Mama wa Kochi akanipigia, hakunigombeza. Aliniuliza tu, "Mwanangu, kwa nini ulisema tunajificha?" Video nilishaifuta. Jibu sikuwa nalo.

Kwa hiyo shika hili: umeingia jiko moja, taja jiko hilo. Mji, jimbo, ni nyumba ya watu gani, ni sikukuu gani. "Wahindi" peke yake lisikae kwenye jina la video. Sisi tumezoea Wahindi wa Upanga na Mombasa, wengi asili yao jimbo la Gujarat, ikiwemo Kutch, tukadhani India nzima ndiyo hiyo. Bengaluru ni Karnataka, lugha ya pale ni Kikannada. Mwenye mgahawa msalimie "namaskara", umrekodi akimimina kahawa ya maziwa kwenye kikombe cha chuma, useme ni asubuhi ya mtaa gani. Hiyo inatosha video nzima.

TikTok usiitegemee ukiwa kule, imefungiwa tangu Juni 2020.

Jina jipya liandike hapa hapa nilione kabla hujaposti.