Bondia wa Mbeya, kagua mizani kabla ya kupanda basi

Bondia Dick Tiger alipotoka Nigeria kwenda Liverpool mwaka 1955, alipoteza mapambano yake manne ya kwanza huko. Mwaka 1962 alimshinda Gene Fullmer kule San Francisco akawa bingwa wa dunia uzito wa kati. Kwa hiyo bondia wa mkoani akishuka Dar na kurudi na kipigo, asikimbilie kutundika glovu. Ugenini mengi humpiga mtu kabla ya ngumi, na la kwanza ni uzito.

Zama za Tiger bondia alipimwa siku ileile ya pambano. Aliyejikausha, yaani aliyejinyima maji ili apungue, alipanda ulingoni hivyohivyo mkavu, na pambano la ubingwa wa dunia lilikuwa raundi 15. Siku hizi kwa kawaida mnapimwa siku moja kabla, na hapo ndipo vijana wanapojidanganya. Mtu ana kilo 65, anasaini uzito mwepesi ambao mwisho wake ni kilo 61.23, kisha anapanda basi Mbeya na koti zito, hanywi maji, eti atapungua njiani. Atapungua kweli, maana lita moja ya maji ni kilo moja. Lakini katoka kwenye baridi, mita kama 1,700 juu ya bahari. Akimaliza kuteremka mlima wa Kitonga njiani, joto linampokea, na maji hayo yote hayarudi mwilini kwa usiku mmoja. Raundi ya tatu miguu inagoma, wasaidizi wake wa kona wanamlaumu hana pumzi.

Kwa uzito huo, siku ya safari usizidi kilo 62. Na mizani yenyewe ipime: weka ndoo tupu, soma, mimina lita 10 za maji, soma tena. Isipoongezeka kilo 10, usiiamini.

Mikono nayo. Bandeji ya mazoezi iwe ya mita 4.5. Tanua vidole wakati wa kufunga, kwa sababu ukikunja ngumi mkono unapanuka; ukifunga vidole vimebanana, damu haipiti na vinakufa ganzi. Anza na kidole gumba, zungusha kifundo cha mkono mara tatu, vifundo vya vidole mara tatu, pita katikati ya vidole, umalizie tena kifundo cha mkono. Wengi huifuja bandeji kwenye ngumi, kifundo cha mkono kikabaki legelege, na ndicho kinachoteguka ukipiga begi la mazoezi. Juni na Julai hapa Mbeya bandeji haikauki usiku mmoja, basi uwe na jozi mbili. Ukivaa mbichi, ngozi katikati ya vidole inachubuka na kuota fangasi.

Mkataba uandikwe: uzito kwa kilo, idadi ya raundi, uzito wa glovu kwa aunsi, siku ya kulipwa, nauli ya kwenda na ya kurudi. Hiyo ya kurudi ndiyo mapromota husahau.